Kurejeshwa Kazini na Haki Iliyobaki

Baba yetu aliajiriwa mwaka 1998 kuwa dereva katika ofisi moja ya umma. Cheti chake kilikuwa cha darasa la saba, na hakupata kudai kuwa na kingine. Mwaka 2017, wakati wa uhakiki wa vyeti, jina lake liliondolewa katika orodha ya mishahara kwa kukosa elimu ya kidato cha nne. Mtaani kwetu Mikumi wengi hawakumtofautisha asiye na cheti na aliyeghushi. Baba akawa anaswali safu ya nyuma, na kutoka msikitini kabla watu hawajapeana mikono.

Mama alikaanga vitumbua na kuviuza kando ya barabara kuu iendayo Iringa. Mwenye duka alitukopesha unga na sukari, akaandika katika daftari lake.

Aprili 2018 Serikali ilitangaza kuwa watumishi wa darasa la saba walioajiriwa kabla ya tarehe 20 Mei 2004 warejeshwe kazini, na walipwe mishahara yao tangu walipoondolewa. Baba akarudi kazini. Mshahara wa mwezi ukaingia, lakini ule wa miezi ya nyuma haukuingia. Tulipomwuliza, alijibu: "Wanangu, nimerudishiwa heshima yangu. Alhamdulillah, yatosha."

Mama ndiye aliyemjibu, kwa upole: "Baba watoto, haki yako waweza kuisamehe. Ya mwenye duka je?"

Baba alinyamaza. Sisi tulikuwa tumeidhani kimya chake kuwa subira. Kumbe subira haimzuii mtu kudai kilicho chake, hasa ikiwa wengine wanakingoja. Mtume (S.A.W.) ametufundisha kuwa mfanyakazi alipwe ujira wake kabla jasho lake halijakauka, na katika Suratul Baqara, Mwenyezi Mungu ametuamrisha kuliandika deni.

Mama alikuwa ameyahifadhi maandishi yote ndani ya mkoba mmoja: barua ya ajira, barua ya kuondolewa, barua ya kurejeshwa na hati za mshahara. Baba aliandika madai yake, akapanda basi la alfajiri kwenda Kilosa, akarudi na nakala iliyogongwa mhuri. Alifuatilia pia michango yake ya hifadhi ya jamii, kwa kuwa mwezi usiochangiwa leo hupunguza pensheni ya uzeeni. Alikwenda Kilosa mara nne.

Fedha zilipoingia, hakuja nyumbani kwanza. Alipitia dukani, akasimama hadi mwenye duka alipofuta mstari wa mwisho katika daftari.

Enyi ndugu zetu mliorejeshwa kazini, shukuruni. Kisha fungueni mikoba yenu mkahesabu miezi. Huenda katika haki mnayoiacha imo pia haki ya jirani aliyewalisha.