Karoti na Kamba

Msomaji wangu, huenda hujapata kumwona farasi akifundishwa kwa kamba. Mtu husimama katikati ya uwanja ameshika kamba ya urefu wa mita 8 hivi, na farasi humzunguka, mara kwa kulia, mara kwa kushoto, mpaka ajue kutii sauti. Kwa mbali kazi hii huonekana kama mchezo.

Nilipokuwa saisi katika shamba moja karibu na Nanyuki, nilipewa farasi jike mwekundu nimfundishe. Nilikuwa na mjeledi, tena nilikuwa na haraka. Kila aliposimama nilimchapa. Alikwenda, naam, lakini kichwa juu na masikio nyuma. Na siku ya tatu aliivuta kamba ikanichuna viganja, akaruka ua. Nilimlaumu yeye. Xenophon, Mgiriki aliyeandika juu ya farasi zaidi ya miaka 2,300 iliyopita, alionya kuwa mtu asimshughulikie farasi kwa hasira. Sikuwa nimemsoma, na hata kama ningalimsoma, siku ile nisingalimtii.

Mzee mmoja wa zizi alinipa karoti zilizokatwa vipande vidogo. "Mwanangu," akasema, "weka mjeledi chini. Akipiga hatua moja, sema 'Vema' papo hapo, kisha mpe."

Shauri lilikuwa jepesi, kumbe nusu yake sikuielewa. Nilisema "Vema", kisha nikamwita aje achukue karoti mkononi mwangu. Baada ya siku mbili hakutaka tena kuzunguka. Alikuja katikati kila mara, akinusa mifuko yangu. Nilitaka kumkemea. Lakini kosa lilikuwa la nani? Nilikuwa nimemlipa kwa kunijia, naye alijifunza sawasawa kile alicholipwa. Tangu hapo nililitamka neno kwato zingali mduarani, nikamfuata huko huko nikampa, uso wake ukielekea mbele, si kwangu. Hatua moja, kisha tatu, kisha nusu ya mduara. Hatukuzidisha dakika 10, kwa maana kuzungushwa sana humchosha farasi viungo vya miguu.

Mwezi ulipokwisha alizunguka kwa sauti tupu, kamba imelegea baina yetu. Hata hivyo, nilipoinua mkono wa kulia kufuta jasho, alishtuka, akakaza shingo, akanitolea weupe wa jicho. Nikazoea kufuta jasho kwa mkono wa kushoto.