Mariashoni: Mteremko Uliogawanywa

Mariashoni, iliyo kusini mwa Elburgon katika Kaunti ya Nakuru, ni sehemu ya Mau Mashariki, yaani upande wa Msitu wa Mau unaoelekea Bonde la Ufa, na ingawa wakazi wake wa zamani walikuwa wachache na waliotawanyika, haikuwa nchi tupu. Wazee wa Waogieki, jamii iliyoishi kwa kuwinda na kurina asali, hukumbuka kwamba kila ukoo ulikuwa na ukanda wake wa ardhi, uitwao konoito, uliopanda kutoka misitu ya chini hadi kwenye mianzi. Kwa kuwa miti huchanua kwa nyakati tofauti kulingana na mwinuko, mrina asali alihitaji mizinga katika kila ngazi ya mteremko, hivyo eneo kubwa lilitosha watu wachache tu.

Baada ya reli kufika Kisumu mwaka 1901, ikiwa imepitia Elburgon na Molo, viwanda vya mbao vilistawi. Mitarakwa na mipodo ilikatwa, na saiprasi na paini zikapandwa kwa mfumo wa shamba, ambao uliwaruhusu wakulima kupanda mahindi na viazi kati ya miche hadi kivuli kilipowazuia. Katika ramani msitu ulibaki vilevile, lakini kwa mrina asali ulikuwa umepungua, kwani miti hiyo haina maua yenye nekta ya kuwavuta nyuki.

Mwaka 2001 serikali iliondoa zaidi ya hekta 35,000 za Mau Mashariki kutoka hifadhi ili kugawa makazi. Ukanda uliokuwa wima ukakatwa kuwa viwanja, na udongo uliofyonza mvua ukalimwa, hivyo Mto Njoro, unaoteremka hadi Ziwa Nakuru, ukazidi kukauka wakati wa kiangazi.

Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao Arusha, iliamua mwaka 2017 kwamba haki za Waogieki zilikiukwa, na mwaka 2022 ikaagiza walipwe fidia na ardhi yao isajiliwe kwa umiliki wa pamoja. Utekelezaji wa agizo hilo ni mgumu, kwa sababu ngazi nyingi za mteremko sasa zina wenye hati wengine, ilhali hatimiliki isiyounganisha ngazi hizo haiwezi kurudisha mpangilio wa zamani.