KUPANDA KITONGA

Ukitoka Morogoro kwenda Iringa utapita Mikumi. Kisha utafika Ruaha Mbuyuni, kwenye vitunguu vingi. Mbele yake ndiko kuna mlima wa Kitonga. Barabara inapanda kwa kona nyingi. Upande mmoja ni mlima, upande wa pili ni korongo. Hapo hata abiria waliokuwa wakicheka hunyamaza.

Je, barabara ina upana gani? Tupime. Katika barabara kuu za lami, njia ya gari moja huwa na upana wa mita 3 na robo, au mita 3 na nusu. Lori lina upana wa mita 2 na nusu hivi. Basi hata penye mita 3 na nusu, inabaki mita 1 tu. Yaani nusu mita kushoto na nusu mita kulia. Nusu mita ni kama dhiraa moja, kutoka kiwiko hadi ncha ya kidole.

Hiyo ni penye barabara iliyonyooka. Kwenye kona, magurudumu ya nyuma ya tela hayafuati alama za magurudumu ya mbele. Hukata kona kwa ndani. Kwa sababu hiyo mafundi huongeza upana penye kona kali, lakini mlimani nafasi ni ndogo.

Ukiwa kwa miguu au na baiskeli, usisimame upande wa ndani wa kona, hata kama dereva amekupungia mkono. Yeye yuko mbele, tela liko nyuma. Ngoja mpaka gurudumu la mwisho lipite.