Minyororo Iliyozikwa: Safari ya Siku Moja katika Jamaika

Mwezi huu twapenda kuwasimulia habari za safari ya siku moja tu, lakini siku hiyo haijatoka mioyoni mwetu. Ilikuwa katika kisiwa cha Jamaika, kilicho katika bahari ya Karibi, mbali sana upande wa machweo. Tulikwenda huko kwa arusi ya jamaa yetu, tukapangiwa vyumba katika hoteli kubwa iliyo ufuoni, karibu na mji wa Montego Bay.

Mahali pale ni pazuri mno. Mchanga ni mweupe, maji yana rangi ya samawati, na minazi imeinama juu ya pwani kama ya kwetu. Hata siku ya kwanza tuliambiana, "Hapa si ugenini." Lakini hoteli ile imezungukwa na ukuta mrefu, na langoni yuko mlinzi. Ndani ya ukuta wageni hula, huogelea na kulala. Wenyeji huingia kwa kazi tu, na jioni hutoka. Tulikaa siku tatu tukihudumiwa, wala hatukujua jina la mwenyeji hata mmoja. Tukaona haya. Tukauliza kama yuko mtu awezaye kututembeza tuione nchi yenyewe, tukapewa kiongozi, mzee mwenye mvi, mtu wa kanisa, ambaye ana motakaa ya kuchukua watu wanane.

Tukaondoka saa mbili asubuhi. Kwanza mzee alitupeleka katikati ya mji wa Montego Bay, penye uwanja uitwao kwa jina la Sam Sharpe. Penye uwanja huo pana nyumba ndogo ya mawe na matofali, iliyojengwa mwaka wa 1806 iwe kifungo cha watumwa waliokamatwa kwa kutoroka. Watu huiita Kizimba mpaka leo. Karibu nayo pana sanamu za shaba: mtu amesimama na Biblia mkononi, na wengine wanamsikiliza. Mtu huyo ndiye Sam Sharpe.

Mzee akatusimulia habari zake. Alikuwa mtumwa, naye alijua kusoma, akawa shemasi katika kanisa la Wabaptisti la mji ule. Wala msidhani kwamba Injili ya Wabaptisti ililetwa huko na Wazungu kwanza. Aliyetangulia ni George Liele, mtu mweusi aliyekuwa mtumwa katika Amerika akapewa uhuru, akafika Jamaika akahubiri mjini Kingston tangu miaka ya 1780. Wamisionari wa Kiingereza walikuja nyuma yake, mwaka wa 1814. Basi Sharpe aliposoma fundisho la Bwana wetu juu ya mtu mwenye mabwana wawili, alilishika kama lilivyo. Akazunguka katika mashamba ya miwa usiku, baada ya sala, akiwaambia wenzake kwamba Sikukuu ya Kuzaliwa kwa Bwana ikiisha, wasirudi kazini ila kwa ujira.

Hivyo ndivyo ilivyokuwa mwezi wa Desemba 1831. Lakini usiku wa tarehe 27 moto ulionekana kilimani katika shamba la Kensington, na baada yake mashamba mengi yakawaka, na jambo lililokusudiwa kuwa mgomo wa amani likageuka kuwa vita. Watu weupe 14 hivi walikufa. Watumwa waliouawa katika mapigano walizidi 200, na wengine zaidi ya 300 walihukumiwa na kuuawa vita vilipokwisha. Sharpe mwenyewe alitundikwa tarehe 23 Mei 1832, katika uwanja ule ule tuliosimama. Misionari mmoja wa Kimethodisti, jina lake Henry Bleby, alimzuru gerezani, akaandika kwamba aliona heri kufa juu ya mti ule kuliko kuishi katika utumwa. Mwaka wa 1975 serikali ya Jamaika ilimhesabu kuwa mmoja wa mashujaa wa taifa.

Tukanyamaza. Wauza matunda walikuwa wakipita, na watoto wa shule wamekaa chini ya sanamu wakila mkate. Mzee akasema, "Wageni wengi hushuka hapa, hupiga picha, hupanda tena. Ninyi mmeuliza, basi nitawapeleka mahali pengine."

Tukashika njia ya pwani kuelekea mashariki, mwendo wa maili 20 hivi. Kulia tuliona juu ya kilima nyumba kubwa ya mawe iitwayo Rose Hall, ambayo zamani ilikuwa ya mabwana wa miwa. Mzee akatuambia kwamba watalii hupenda kwenda huko kusikia hadithi za mizimu. "Mimi," akasema, "napenda zaidi kuonyesha mahali walipoomba watu walioilima miwa ile."

Hata tukafika Falmouth. Mji huu ulianzishwa mwaka wa 1769, ukatajirika kwa sukari, na nyumba zake nyingi za zamani zingali zimesimama. Tangu mwaka wa 2011 una gati la meli kubwa za watalii. Lakini sisi tulikwenda kwenye kanisa la Wabaptisti liitwalo kwa jina la William Knibb. Huyu alikuwa misionari Mwingereza, aliyefika Jamaika mwaka wa 1825. Baada ya vita vya watumwa, mabwana waliwalaumu wamisionari kwamba ndio waliowachochea, na kanisa la Falmouth likabomolewa na askari wa wenye mashamba. Knibb akavuka bahari kwenda Uingereza, akashuhudia mbele ya wajumbe wa Bunge mambo aliyoyaona kwa macho yake. Jengo lililopo leo si lile la zamani. Lakini kaburi la Knibb lipo hapo, kwani alikufa katika Jamaika mwaka wa 1845.

Sheria ya kukomesha utumwa ilipitishwa mwaka wa 1833, ikaanza kazi tarehe 1 Agosti 1834. Katika Jamaika watumwa walikuwa zaidi ya 300,000. Mabwana wa makoloni yote walilipwa fidia ya pauni milioni 20, na watumwa hawakupewa kitu. Tena uhuru wenyewe haukuwa kamili, maana walilazimishwa kuwafanyia kazi mabwana wale wale bila ujira sehemu kubwa ya juma, jambo lililoitwa kujifunza kazi. Kana kwamba watu waliolima tangu utotoni hawakujua kazi! Utaratibu huo ulikoma tarehe 1 Agosti 1838.

Sasa sikieni walivyofanya Wakristo wa Falmouth usiku wa kuamkia siku hiyo. Walijaa kanisani na nje ya kanisa, wakaitazama saa. Ilipopiga saa sita ya usiku, Knibb akatangaza kwamba yule mnyama mkali, yaani utumwa, amekufa, na watu wakapaza sauti hata nyumba ikatetemeka. Walikuwa wamefanya jeneza. Ndani yake wakatia mnyororo, na mjeledi, na pingu ya chuma ya shingoni. Wakalichukua wakalizika ardhini kama vile azikwavyo maiti.

Toka hapo tukapanda milimani mpaka kijiji kiitwacho Refuge, maana yake Kimbilio. Watu walipofunguliwa, mabwana wengi hawakutaka kuwauzia ardhi, kusudi njaa iwarudishe mashambani. Basi wamisionari walinunua mashamba kwa majina yao, wakayagawa vipande vidogo, wakawauzia watu hao. Kijiji cha kwanza cha namna hiyo kilianzishwa mwaka wa 1835, nacho ni Sligoville. Vingine vingi vikafuata katika kisiwa chote. Mpaka leo ziko jamaa zenye ardhi ya ukoo ambayo haiuzwi, na kando ya nyumba hulala wazee wao waliokufa, kama katika viambo vyetu.

Mama mmoja mzee, jamaa ya kiongozi wetu, alitukaribisha kwa chakula. Tulikula viazi vikuu, na shelisheli ya kuchoma, na samaki wa chumvi aliyepikwa pamoja na tunda liitwalo ackee. Tunda hili asili yake ni Afrika ya Magharibi, nalo lina sumu lisipopasuka lenyewe mtini. Na shelisheli ililetwa kutoka visiwa vya bahari ya Pasifiki mwaka wa 1793 na nahodha Bligh, iwe chakula rahisi cha watumwa. Kumbe kile tunachokila kwetu kwa tui, kule kilifika kwa sababu ya mjeledi!

Mama yule hakusimama kando atuangalie tukila. Alikaa nasi, na kijana aliyemsaidia kupika akakaa nasi pia, wote meza moja. Kisha akatuuliza, "Wanangu, na kwenu huko nako kulikuwa na minyororo?"

Tukamjibu kwamba ilikuwako. Tukamweleza habari za soko la Unguja, lililofungwa mwaka wa 1873 kwa mkataba wa Sultani Barghash na Waingereza. Na jinsi kanisa la Kristo lilivyojengwa juu ya mahali pa soko lile lile. Na habari za Freretown karibu na Mombasa, mji uliowekwa mwaka wa 1875 kwa ajili ya watumwa waliookolewa. Tukamwambia na hili, kwamba miongoni mwa babu zetu walikuwako waliouzwa, na walikuwako waliouza.

Akatikisa kichwa polepole, akauliza tena, "Nanyi, mmekwisha kuizika?"

Hapo tulikosa jibu. Maana sisi sote wawili, mume na mke, tulikumbuka jambo moja kwa wakati mmoja. Nyumbani kwetu yuko binti atusaidiaye kazi, aliyetoka bara. Huamka kabla yetu, hulala baada yetu. Chakula chake hula jikoni, peke yake, tukiisha kula sisi. Na jina lake la ubatizo hatulitaji, twamwita "wee" tu. Jumapili sisi huenda kanisani, naye hubaki kulinda nyumba. Hatukumnunua, ni kweli, na ujira twampa. Lakini tulipotazama ile meza ya mama wa Refuge, tuliona kwamba ule mnyororo uliozikwa Falmouth, kipande chake kingalimo jikoni mwetu.

Tukarudi jioni, jua likizama baharini. Langoni mwa hoteli mlinzi alitufungulia, tukamwuliza jina lake akatuambia, akacheka kwa mshangao. Usiku ule hatukusema mengi.

Ndugu wasomaji, hatuwaandikii haya ili tujisifu, kwa kuwa hatuna la kujisifia, yatupasa kutubu. Tulipofika nyumbani tulimwita binti kwa jina lake, tukamwomba radhi. Siku ya kwanza alikataa kukaa mezani, akiogopa; siku ya pili alikaa lakini hakula; siku ya tatu alikula. Sasa Jumapili twafunga mlango kwa kufuli, twaenda sote.

Wako wengi wetu watakaokwenda nchi za mbali, kwa kazi au kwa furaha. Twawasihi msikae ndani ya ukuta. Tafuteni mwenyeji mwaminifu, mwulizeni habari za watu wake, mkae mezani pake. Na akiwauliza habari za nyumbani kwenu, mwe na jibu lisilowaaibisha.

Wasalaam. Ni sisi wenzenu katika imani.