Msemaji wa Picha Bubu

Sinema bubu ya Kijapani iitwayo Momijigari ilipigwa Tokyo mwaka 1899, nayo haifiki hata dakika tano. Kisa chake chatoka katika mchezo wa kabuki: mwanamke wa kifalme amchezea ngoma shujaa Koremochi milimani, shujaa ashikwa na usingizi, na mwanamke arudi hali amekuwa zimwi. Aliyemwigiza mwanamke huyo alikuwa mwanamume, Ichikawa Danjuro wa Tisa, bingwa asiyeipenda kabisa mashine ya picha. Siku ile upepo ulivuma ukampokonya upepeo mkononi, na kosa hilo laonekana hata leo. Lakini kugeuka kwenyewe hakuonekani. Ngoma yaonekana, pigano laonekana. Katikati ni fumbo.

Huko Japani fumbo la namna hii lilikuwa na mwenyewe. Picha bubu hazikuonyeshwa kimya: kando ya kitambaa alikaa msimulizi, benshi, akiwasemea watu wa pichani na kueleza yasiyoonekana. Kazi hiyo haikuwa ngeni Afrika ya Mashariki; Dar es Salaam ilikuwa na Lufufu, aliyepata sifa kwa kusimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili.

Mwanafunzi mmoja, mzaliwa wa Ziba katika mkoa wa Tabora, alikuwa akiandika insha juu ya mabenshi. Wakati wa likizo alimwekea bibi yake picha hiyo katika simu, akajiandaa kumfafanulia. Hakupata nafasi. Ngoma haijaisha, zimwi halijatokea, bibi akasema kwa Kinyamwezi:

“Huyo si mtu, mjukuu wangu. Ni fisi. Ametoka mbali, na tangu afike hajaomba maji.”

Wanyamwezi, waliochukua mizigo ya misafara kutoka Tabora hadi pwani, wayajua maji ya msafiri. Kijana alinyamaza. Picha ikaisha, bibi akaendelea hata jua likachwa. Sauti yake haikuhifadhiwa; simu ambayo ingeweza kuinasa alikuwa ameishika mwenyewe.

Kesho yake kijana alikuja na daftari na kalamu.

“Bibi, nakuomba unisimulie tena kile kisa cha fisi.”

“Washa kwanza picha.”

Akaiwasha. Safari hii mwanamke hakuwa fisi. Alikuwa mke aliyeugua njiani, msafara ukamwacha porini, na mwenye kosa alikuwa Koremochi.