«Niko mu njia»: kungojea fundi kwenye barabara ya Kasenga

Kwa mashofa wa barabara ya Kasenga, neno «niko mu njia» lina maana nyingi. Fundi anaweza kulisema akiwa angali kitandani, akiwa anatafuta viatu, akiwa anabishana bei kwenye duka la piesi, ao akiwa kweli juu ya pikipiki na vumbi ndani ya macho. Yule anayelisikia kwenye simu, mbali na mji, hana namna ya kujua ni lipi kati ya hayo. Na kama nyuma ya kamiyo kuna samaki ya barafu, kutokujua kuna bei yake.

Fuso moja ilitoka Kasenga mchana, mwisho wa kiangazi, wakati joto inapanda kila siku. Ilikuwa na mama saba wauza samaki, wakikaa juu ya mizigo yao wenyewe. Samaki walikuwa ndani ya frigo za zamani, zile zisizo na moteri tena, zimelazwa mgongo na kujazwa barafu. Kila mtu anayepita soko za Lubumbashi anazifahamu. Barafu ya namna hiyo, kama frigo haifunguliwi ovyo, inashika usiku na sehemu ya siku inayofuata. Safari yenyewe inamalizika mbele ya hapo. Ndiyo maana hesabu ya biashara hiyo inakubalika, mradi gari isisimame.

Gari ilisimama mbele ya kufika Kasomeno, fasi njia ya Kasenga inapokutana na ile ya Pweto. Tangu mangaribi shofa alikuwa anasikia tairi ya nyuma inalia. Kiisha moshi ukatoka kwenye gurudumu. Rulema ilikuwa imekufa. Konvoyeri akaweka mawe nyuma ya matairi, akakata matawi na kuyapanga barabarani mbele na nyuma ya gari, kama wanavyofanya wote wasio na alama nyingine ya kuonyesha hatari. Kiisha akapanda kichuguu kutafuta rezo. Vichuguu vya Katanga ni virefu kupita nyumba, na mahali pengi ndiyo antene ya maskini.

Fundi wao ana garaji katika mtaa wa Kenya (mtaa wa Lubumbashi, si ile nchi). Usiku alikubali kuja asubui na mapema, maana usiku hakuna motari wa kukubali safari hiyo. Hapo hakuna wa kulaumiwa.

Saa kumi na mbili ya asubui konvoyeri alipanda tena kichuguu. «Nimesha toka, niko mu njia,» fundi akajibu. Habari ikashuka chini na mama wote wakasema asante Mungu. Mmoja wao, mzee kuliko wengine, alikuwa ameanza kuuliza vijana wa makala waliolala karibu na pale kama wana kuni za kuuza. Aliposikia fundi ametoka, akaacha. Kukausha samaki kwa moshi kunaomba siku nzima, na samaki aliyekaushwa si yule ambaye wateja wake walikuwa wameagiza. Kama gari itatengenezwa mbele ya mchana, ya nini kuharibu mzigo?

Saa moja na nusu simu ikalia. Ilikuwa fundi, anaomba feza ya motari na ya rulema.

Shofa hakusema kitu mbele ya mama wale. Alienda pembeni, akamwita patro wa gari Lubumbashi, patro akatuma feza kwa simu. Lakini safari hii patro, ambaye naye alikuwa anaulizwa na wateja wake, aliweka sharti: fundi atume lokalizasyo kwa WhatsApp, ile inayotembea na mtu. Programu inaruhusu kuchagua dakika 15, saa moja ao masaa 8. Fundi akachagua masaa 8, akaituma kwa patro na kwa konvoyeri.

Kwa hiyo, tangu saa mbili na dakika arobaini, watu walikuwa wanapanda kichuguu kwa zamu kumtazama fundi. Kaduara kenye picha ya uso wake kalitoka mtaa wa Kenya, kakasimama kidogo (mafuta, wote wakasema), kakaingia njia ya Kasenga. Mama mmoja ambaye hakuwa ameshika simu ya namna hiyo tangu azaliwe alikuwa anaelezea wenzake chini: sasa anapita hapa, sasa anaacha nyumba za mwisho. Ilikuwa furaha kama ya kutazama mpira.

Saa tatu na dakika ishirini kaduara kakasimama. Saa ine kalikuwa fasi ileile. Saa tano vilevile.

Hapo ndipo vita vya maneno vilianza. Wengine walisema fundi amekaa kwenye pombe na feza ya watu. Wengine wakasema pikipiki imekufa, wengine hata ajali. Konvoyeri, kijana wa miaka makumi mbili hivi, ndiye aliyesoma maandishi madogo chini ya picha: yalionyesha saa ambayo habari ilifika mara ya mwisho, na ilikuwa saa tatu na ishirini. «Yaya, si yeye amesimama,» akamwambia shofa. «Ni rezo yake imesimama. Simu inajua kwenye iko, lakini haina njia ya kutuambia.» Alikuwa na haki. Mtu akitoka kwenye rezo, picha yake inabaki pale alipoonekana mwisho, na anayetazama anadhani ni mtu amebaki.

Lakini kuwa na haki hakukuleta rulema. Kaduara hakakusema kama fundi yuko karibu ao mbali. Walijua tu alipokuwa karibu masaa mawili iliyopita.

Mama mzee alifungua frigo yake, akaingiza mkono mpaka chini. Maji. Akainua samaki mmoja, akafungua mashavu yake kutazama rangi ya ndani, akabonyeza tumbo. «Simu haiozi,» akasema, «samaki inaoza.» Akawalipa vijana wa makala kuni, akawaomba na vyuma vya kupangia samaki, na kabla ya saa sita moshi ulikuwa unapanda. Mama wawili wakamfuata. Wane wakakataa, juu ya kaduara: wamekaona kanatoka mjini kwa macho yao.

Ilipopita saa tisa fundi akafika, nyuma ya pikipiki, rulema imefungwa ndani ya koti. Tairi ya pikipiki ilikuwa imepasuka mara mbili, fasi zisizo na rezo wala mtu wa kuziba. Uso wake ulikuwa mwekundu wa vumbi. Hakuna aliyeweza kusema alikunywa.

Alianza kazi bila kupumzika. Lakini akiwa chini ya gari, shofa akamuuliza ile saa kumi na mbili alikuwa wapi. Fundi hakuficha. Alikuwa mbele ya duka la piesi, anangojea wafungue. Walifungua saa mbili.

«Sasa papa, kwa nini ulisema umetoka?» mama mzee akauliza.

«Mama, kama ningesema duka imefungwa, mungeita fundi mwingine.»

Jibu hilo si la mwizi. Ni la mtu anayelipwa kwa safari moja, ambaye akipoteza mteja leo watoto wanalala njaa leo. Na kweli, mashofa wengi wangeita mwingine, ambaye naye angesimama mbele ya duka lilelile. Ila hesabu ya mama yule nayo ni wazi. Saa kumi na mbili barafu ilikuwa ingali ngumu, kuni zilikuwa pale, na siku nzima ilikuwa mbele. Wangekausha wote saba. Tairi iliyopasuka ni ya Mungu. Masaa mawili ya asubui yalikuwa ya mtu.

Walitembea usiku, wakaingia Lubumbashi kabla ya jua. Samaki aliyekaushwa aliuzwa, si kwa bei iliyotazamiwa, lakini aliuzwa. Mama wane waliongojea waliokoa wale wa chini kidogo, wengine wakatupwa. Mmoja wao alikuwa amenunua mzigo kwa feza ya likelemba, na zamu yake ya kulipa ilikuwa juma ileile. Wenzake walimwongezea juma mbili.

Shofa angali na fundi yuleyule, maana kazi yake ni nzuri. Lakini sasa, mbele ya feza kutumwa, anaomba foto ya piesi mkononi, na nyuma yake mlango wa duka ukiwa wazi.