Kadi Kuukuu ya Mtandao na DLL Iliyopotea

Leo tuongee kuhusu ujumbe unaowasumbua wengi wenye tarakilishi za zamani: faili fulani ya .dll haijapatikana. Ukiuona wakati unahangaika na kadi ya mtandao, usikimbilie kupakua faili hiyo. Nitaeleza kwa nini.

DLL ni maktaba shirikishi, yaani msimbo uliowekwa mahali pamoja ili programu nyingi ziutumie. Kwenye Linux, faili za aina hiyo huishia na .so. Fikiria ploti moja ya Free Area hapa Nakuru: wapangaji kumi, tangi moja la maji. Tangi likiondolewa, wote wanakauka. Likiletwa jingine lenye mdomo tofauti, mabomba hayaingii. Ndiyo maana toleo la DLL ni muhimu sawa na jina lake. Hata biti ni muhimu, kwa sababu programu ya biti 32 haiwezi kupakia DLL ya biti 64. (Windows ya biti 64 huweka DLL zake za biti 64 katika System32 na zile za biti 32 katika SysWOW64. Ndiyo, umesoma sawa!)

Sasa, draiva ya kadi si tangi. Ni bomba kuu la nje ya lango. Kwenye Windows ni faili ya .sys inayofanya kazi ndani ya keneli, ikiandamana na .inf inayotaja kadi zinazohudumiwa. Draiva hiyo huegemea ndis.sys, faili ya Windows yenyewe, kwa kufuata kanuni za NDIS zilizobuniwa na Microsoft na 3Com. DLL za mtengenezaji kwa kawaida husaidia usakinishaji, au kile kidirisha chake cha mipangilio.

Kuna chama cha ushirika wa maziwa upande wa Njoro kilichoniita. Tarakilishi ya mapokezi, yenye Windows XP, ndiyo iliyopokea kilo za kila mkulima na kuzituma kwa mashine ya mhasibu. XP ilisakinishwa upya, mawasiliano yakakatika, na malipo yalikuwa baada ya siku nne. Mhasibu alikuwa ananakili kilo kwa mkono, na wakulima walishaanza kunung'unika kwamba zao zimepungua. Kijana aliyejaribu kusaidia alikuwa amepakua DLL tatu kutoka tovuti tatu. Ujumbe ulitoweka, lakini kadi haikuamka.

"Mama, kwanza tujue kama kadi iko hai," nikamwambia mhasibu.

Niliwasha mashine kwa CD ya Linux ya biti 32 nikaandika lspci -nn. Jibu: 10ec:8168. Hiyo 10ec ni Realtek, na 8168 ni modeli. Linux ilikuwa tayari imepakia moduli yake, r8169, na mtandao ukapatikana. Kwa hiyo kadi ilikuwa nzima. Kilichokosekana ni draiva, kwa sababu XP ilitoka mwaka 2001, kabla ya kadi hiyo, na haikuja na draiva yake.

Nilizifuta zile DLL tatu, nikaikagua mashine kama ina virusi, kisha nikasakinisha kifurushi kizima cha Realtek cha XP ya biti 32. Kabla ya chai ya saa kumi, kilo zilikuwa zinafika kwa mhasibu. Mashine hiyo niliiacha bila intaneti, maana Microsoft iliacha kuihudumia XP tarehe 8 Aprili 2014.

Ya kukumbuka:

1. Tafuta kitambulisho cha kadi kwanza. Katika Device Manager ni zile namba za VEN na DEV.
2. Pakua kifurushi kizima kutoka kwa mtengenezaji, kinacholingana na Windows yako na biti zake.
3. DLL ya tovuti usiyoijua iogope. Ikipakiwa, inapata uwezo wote wa programu iliyoipakia. Ukiifungua kama msimamizi, umempa mgeni funguo zote.
4. Kwenye Linux usichanganye .so na .ko. Amri ya ldd huonyesha maktaba za programu. Kwa moduli ya keneli tumia modinfo.

Mwisho, kama ofisi yako bado inategemea mashine ya zamani, nakili draiva zake kwenye flashi leo, ikiwa bado inafanya kazi. Kurasa za draiva kuukuu huondolewa bila hodi.